UZI: Hotuba na maandiko ya Marekani ilipokuwa changa, na masikio yaliyoyasikia

MwalimuWaZamu

Wakuu, habari za jioni.

Mpwa wangu yuko kidato cha tatu na shuleni kwao kuna mashindano ya kukariri hotuba maarufu. Yeye kapangiwa ile ya Patrick Henry, ya "Nipeni uhuru, au nipeni mauti." Wiki nzima anaifanyia mazoezi uani, anapaza sauti mpaka majirani wameishika. Juzi baada ya chakula cha usiku akaniuliza: "Mjomba, Henry alipokuwa anaongea, nani alikuwa anaandika?"

Nikamwambia ukweli. Hakuna.

Henry alisimama tarehe 23 Machi 1775 katika kanisa la St. John's, Richmond, Virginia, mbele ya wajumbe wa jimbo lake. Hoja yake ilikuwa Virginia, wakati ule koloni la Uingereza, ijiandae kwa silaha dhidi ya watawala wake, na ikapita kwa tabu. Hakuacha karatasi yoyote ya hotuba ile. Maneno anayokariri mpwa wangu yalichapishwa mwaka 1817 katika kitabu cha maisha ya Henry kilichoandikwa na mwanasheria aitwaye William Wirt, aliyewafuata wazee waliokuwemo kanisani akawauliza wanakumbuka nini. Ilikuwa imepita miaka 42, na Henry mwenyewe alikuwa amekufa tangu 1799. Kwa hiyo tulichonacho ni kumbukumbu za wazee, zimepita kwenye kalamu ya mtu aliyejua kuandika.

Kijana alinyong'onyea. Ndiyo maana nimefungua uzi huu, maana mambo haya nimeyasoma kwa miaka na sina wa kuongea naye. Tumezoea kutenga hotuba upande huu na maandishi upande ule. Marekani ya miaka ile haikuwa hivyo. Hotuba nyingi walizijua kwa kuzisoma, na maandishi mengi waliyajua kwa kusomewa. Neno likishasomwa kwa sauti uwanjani, mwandishi hana tena uwezo wa kuchagua nani alisikie. Hilo ndilo lililonishika. Naenda taratibu, mnivumilie.

MwalimuWaZamu

Naanza na Thomas Paine, kwa sababu bila yeye sidhani kama mengine yangeeleweka.

Paine alikuwa Mwingereza. Alifika Philadelphia mwishoni mwa 1774 akiwa na umri wa miaka 37, mgonjwa kiasi cha kubebwa kushushwa melini, mfukoni ana barua ya utambulisho kutoka kwa Benjamin Franklin. Kwao alikuwa ameshindwa karibu kila kazi aliyoijaribu. Tarehe 10 Januari 1776 kikatoka kijitabu chake Common Sense, yaani Akili ya Kawaida, bila jina la mwandishi.

Kabla ya hapo watu wa makoloni waliwalaumu mawaziri wa Uingereza, wakalilaumu Bunge, lakini mfalme walimwacha pembeni. Walimwona kama baba aliyedanganywa na washauri wabaya. Paine akamgusa mfalme mwenyewe, akaugusa na ufalme wenyewe. Na hakutumia Kilatini wala vitabu vya wanasheria. Alichukua Biblia, ambayo kila nyumba waliijua, akaenda kwenye habari za nabii Samweli na Waisraeli walioomba mfalme, akauliza Mungu aliwajibu nini. Mkulima asiyewahi kusikia jina la mwanafalsafa yeyote alielewa papo hapo.

Mwisho wa mwaka huohuo mambo yalikuwa mabaya. Jeshi la makoloni chini ya George Washington linarudi nyuma kuvuka New Jersey, askari wana baridi, wengine mikataba yao inaisha mwisho wa Desemba na wanahesabu siku. Paine alikuwa nao kwenye msafara huo. Tarehe 19 Desemba maandishi yake mapya yakatoka Philadelphia, yanayoanza: "Hizi ndizo nyakati zinazozijaribu roho za watu." Anaendelea kwa kumtaja askari wa majira ya joto na mzalendo wa siku za jua, kwamba hao ndio watakaoikimbia nchi yao kwenye shida hii. Askari wakasomewa. Usiku wa tarehe 25 wakavuka mto Delaware uliojaa vipande vya barafu, na asubuhi ya tarehe 26 wakawavamia Trenton askari wa kukodiwa kutoka Ujerumani na kukamata karibu 900.

Sidai kwamba karatasi ile ndiyo iliyoshinda vita. Lakini hebu fikiria uko pale, viatu vimekwisha, mtu anakusomea sentensi inayokutaja wewe kabisa, wewe unayewaza kuondoka wiki ijayo.

Binti_Msomaji

Mwalimu, shikamoo. Nimeweka kambi hapa. Naomba kuuliza, mtu wa kawaida asiyejua kusoma aliyapataje haya? Na ilikuwa lazima kuwe na mkutano rasmi?

MwalimuWaZamu

Marahaba binti yangu.

Haikuwa lazima. Gazeti moja lilisomwa kwenye nyumba za pombe na za wageni, kanisani baada ya ibada, kwenye ngazi za mahakama. Mimi hili sikulisoma tu, nimelikuta nikiwa mtoto. Babu yangu alikuwa na kawaida ya kukaa kibarazani kwa fundi cherehani jioni, miwani imefungwa uzi upande mmoja, anawasomea wenzake gazeti la juzi. Wasiojua kusoma ndio waliokuwa wakali kwenye mjadala, kwa sababu walisikiliza kila neno. Fundi alikuwa anasimamisha cherehani pakifika penyewe.

Sasa chukua Tangazo la Uhuru. Bunge la makoloni lilipitisha maneno yake tarehe 4 Julai 1776. Usiku uleule mpiga chapa John Dunlap akatoa nakala, zikapelekwa kwa farasi huku na huku. Kwenye nakala zile hakuna orodha ya waliotia saini. Lipo jina la John Hancock, rais wa Bunge, na la katibu wake Charles Thomson, basi. Majina ya wengine yalikuja kuchapishwa Januari 1777, Baltimore, na aliyeyachapisha ni mwanamke, Mary Katharine Goddard. Kwenye magazeti yake alikuwa akiandika herufi za mwanzo tu. Safari hii, kwenye waraka ambao ukikamatwa nao ni uhaini, aliweka jina lake lote chini. Nikiiona nakala ile macho yangu huenda kwenye mstari wake kwanza.

Tarehe 8 Julai, saa za mchana, John Nixon akapanda jukwaani kwenye uwanja wa jengo la serikali Philadelphia akalisoma kwa sauti mbele ya umati. Kesho yake lilisomwa mbele ya jeshi huko New York, na jioni hiyo watu wakaenda Bowling Green wakaiangusha sanamu ya Mfalme George III. Ilikuwa ya risasi, risasi ile ya madini. Sehemu kubwa ilisafirishwa mpaka Litchfield, Connecticut, ikayeyushwa, zikapatikana risasi za bunduki 42,088. Waliozitengeneza walizihesabu.

Naomba mlishike hilo la uwanja wa Philadelphia. Nitalirudia.

Jiwe_la_Njia

Mkuu nakuheshimu, lakini mimi watu hawa sina hamu nao. Anaandika "watu wote wameumbwa sawa", anaweka kalamu chini, anaitiwa chai na mtumwa. Tuwasome wa nini?

MwalimuWaZamu

Ndugu Jiwe, sikupingi hata kidogo kwenye hayo uliyosema, na nitakuongezea. Thomas Jefferson, ndiye aliyeandika rasimu ya Tangazo, katika maisha yake alimiliki watu zaidi ya 600. Rasimu yake ya Tangazo ilikuwa na aya ndefu inayoilaani biashara ya watumwa na kumtwika mfalme lawama yote. Bunge likaikata. Baadaye Jefferson aliandika kwamba South Carolina na Georgia hawakuitaka, na kwamba hata watu wa kaskazini waliona aibu kidogo, maana meli zilizobeba ni zao.

Kwa hiyo swali lako ni la haki. Jibu langu liko mbele kwenye uzi huu, na aliyelitoa kwanza si mimi, ni watu waliokuwa na haki ya kulitoa kuliko sisi. Nipe nafasi kidogo.

Nipite haraka kwenye yale ya katiba. Tarehe 27 Oktoba 1787 gazeti la New York likaanza kutoa makala zilizosainiwa "Publius", za kuitetea katiba mpya. Zilifika 85. Nyuma ya jina walikuwa watatu: Alexander Hamilton aliyeandika 51, James Madison 29, na John Jay 5 kwa sababu aliugua. Waliopinga nao walijiita kwa majina ya Kirumi, "Brutus", "Cato". Wasomi wanazisifu za Publius, na ni kweli zimepangwa vizuri, lakini mimi ningependa kila anayemsoma Publius amsome na Brutus. Brutus alionya kwamba nchi kubwa mno itawaweka watawala mbali na watu, na kwamba majaji wa juu hawatakuwa na wa kuwarekebisha. Alishindwa. New York ilipitisha katiba tarehe 26 Julai 1788 kwa kura 30 dhidi ya 27. Kura tatu tu.

Binti_Msomaji

Kwa nini wafiche majina? Waliogopa?

MwalimuWaZamu

Wengine usalama, ndiyo. Lakini zaidi walitaka hoja ipimwe yenyewe, msomaji asianze na "huyu ni wa kabila gani la siasa". Mji mdogo, kila mtu anamjua mwenzake, jina linaweza kuifunika hoja. Na unaweza kuwa na wazo kwamba hoja isiyo na mwenyewe inakuwa mali ya anayeisoma.

Hata hotuba za Washington hazikuwa za mkono mmoja. Alipoapishwa New York tarehe 30 Aprili 1789, hotuba yake Madison ndiye aliyesaidia kuiandika. Baraza la Wawakilishi likataka kumjibu rais, na likampa kazi hiyo Madison. Washington akataka kulijibu Baraza, akamwomba Madison. Mtu mmoja alikuwa anajiandikia barua na kujijibu, na nchi nzima ikasikia mazungumzo ya heshima kati ya rais na wawakilishi. Ile ya kuaga ya 1796 wengi huiita hotuba, kumbe hakuitamka popote. Ilitoka kwenye gazeti la Claypoole, Philadelphia, tarehe 19 Septemba, ikiwa imepita kwa Madison kwanza mwaka 1792 kisha kwa Hamilton.

Lakini ipo moja ya Washington ninayoiweka juu ya zote, na thamani yake haiko kwenye yale aliyoyaandaa. Ni Newburgh, New York, tarehe 15 Machi 1783. Vita inaelekea kuisha, maofisa hawajalipwa, barua zisizo na jina zinazunguka kambini zikiwashawishi walitishe Bunge kwa silaha. Washington akaingia kwenye kikao chao bila kutarajiwa, akasoma maneno makali aliyoyaandaa. Nyuso hazikulainika. Akatoa mfukoni barua ya mbunge mmoja wa Virginia ili awasomee, akaanza, akakwama, akarudia, akakwama tena. Akaingiza mkono kwenye koti akatoa miwani. Karibu wote mle hawakuwahi kumwona nayo. Akawaomba radhi kwa maneno yanayokumbukwa hivi: waniruhusu nivae miwani, kwani sikuota mvi tu katika kuitumikia nchi yangu, nimekaribia kuwa kipofu. Watu wazima waliopigana miaka minane walitokwa machozi. Alipotoka nje, walipiga kura ya kubaki watiifu kwa Bunge.

Barua ile ya mbunge leo hakuna anayeijali ilisema nini.

Jiwe_la_Njia

Hiyo ya miwani imenigusa, sikufichi. Endelea, lakini deni langu liko palepale.

MwalimuWaZamu

Nimelikumbuka, ndugu yangu.

Mwaka 1798 serikali ya Rais John Adams ikapitisha sheria ya uchochezi, ukiandika vibaya juu ya rais au Kongresi unafungwa. Matthew Lyon, mbunge wa Vermont, akawa wa kwanza kuhukumiwa: miezi minne jela na faini ya dola 1,000. Wapiga kura wake wakamchagua tena akiwa ndani ya selo. Benjamin Franklin Bache, mjukuu wa Franklin na mwenye gazeti la Aurora, alikamatwa mwaka huohuo akafa kwa homa ya manjano kabla kesi haijasikilizwa. Ndiyo maana Jefferson aliposimama kuapishwa kuwa rais tarehe 4 Machi 1801 na kusema "sote ni Warepublikani, sote ni Wafederali", akivitaja vyama viwili vilivyokuwa vinapingana, hayakuwa maneno ya mapambo. Watu walikuwa wametoka kufungana. Ila Jefferson alikuwa na sauti ya chini sana, na wengi mle ukumbini hawakumsikia. Asubuhi ile alikuwa amempa Samuel Harrison Smith nakala aichape, na watu walitoka nje wakakuta karatasi tayari. Wakajua walichokuwa wanasikiliza kwa kukisoma.

Karafuu_Kavu

Asalaam aleikum wadau. Mie niko Unguja. Mwalimu umenikumbusha jambo moja la huku kwetu. Ile nguo ya merikani ambayo bibi zetu waliijua, ikiletwa na meli za Salem, Massachusetts. Sayyid Said alifunga mkataba na Wamarekani 1833, na mwaka 1837 konseli wao wa kwanza, Richard Waters wa Salem, akafika hapa. Pamba yake ikilimwa na watumwa wa kusini kwao, ikifumwa kaskazini ambako kila Julai walihutubia uhuru, kisha inaletwa kwetu kununulia pembe za ndovu. Miye nikiisoma hotuba ya Julai huuona ule uzi mweupe.

MwalimuWaZamu

Waaleikum salaam, sheikh. Ahsante sana kwa hili, sikuwa nimelileta na limekaa mahali pake. Boston walianza desturi ya hotuba ya mji kila tarehe 4 Julai mwaka 1783, na miji mingi ikafuata. Zilichapwa kwa wingi. Nimesoma kadhaa na nyingi zinafanana: mababu, dhuluma, damu, nyota ya mashariki. Sitawachosha nazo.

Sasa turudi kwenye uwanja wa Philadelphia.

Wakati Nixon anasoma Tangazo, mjini humo palikuwa na mtoto wa miaka tisa, mweusi, aliyezaliwa huru, jina lake James Forten. Alipofika miaka kumi na minne akaingia kwenye meli ya kupigania uhuru ule, mwaka 1781 akakamatwa na Waingereza na kuwekwa katika meli ya gereza iitwayo Jersey, ambamo watu walikufa kama kuku. Akapona. Akajifunza kushona matanga, akawa mwenye karakana, tajiri, ameajiri weusi kwa weupe.

Mwaka 1813 wabunge wa Pennsylvania wakaletewa muswada wa kuwazuia weusi kuhamia jimboni na kuwaandikisha waliomo. Forten akatoa barua tano kwa mfululizo, akijiita "mtu wa rangi". Ya kwanza inaanza kwa kusema ukweli huu unajidhihirisha wenyewe, kwamba Mungu aliwaumba watu wote sawa, na kwamba hili ni moja ya mambo makubwa katika Tangazo la Uhuru. Hakuomba huruma. Alisema maneno haya ni yenu, mmeyatangaza, na ndani yake hamna rangi. Kisha akaandika jambo ambalo kila Mphiladelphia alilijua na hakuna mhutubu wa Julai aliyelitaja: kwamba siku za shangwe, hasa tarehe 4 Julai, mweusi hathubutu kuonekana uwanjani baada ya saa sita mchana, kwa sababu atafukuzwa na kupigwa. Muswada haukupita.

Ndugu Jiwe, ulichouliza wewe jana Forten aliwauliza wenyewe usoni, zaidi ya miaka 200 iliyopita, na hakutupa maneno yao. Aliyachukua.

Baada yake David Walker, muuza nguo za mitumba wa Boston. Mwaka 1829 alitoa wito wake kwa watu weusi wa dunia, akaliweka Tangazo kwenye ukurasa na kuuliza: "Tazameni Tangazo lenu, Wamarekani!!! Mnaielewa lugha yenu wenyewe?" Alama tatu za mshangao ni zake. Kitabu kizima kimejaa alama hizo, na msomaji wa kimya huona ni kelele, mpaka ukumbuke kimeandikwa kisomwe kwa sauti. Walker mwenyewe alisema kila mtu mweusi akipate akisome, au amtafute mtu wa kumsomea. Mabaharia walikishusha kwenye bandari za kusini, na majimbo kama Georgia na North Carolina yakaharakisha sheria za kuvizuia vitabu vya namna hiyo na kukataza watumwa kufundishwa kusoma. Waliokuwa na hofu walijua vizuri kabisa nguvu ya kusomewa.

Binti_Msomaji

Mwalimu, kwa hiyo mpwa wako umeishia kumwambia nini? Ataikariri ile ya Henry au ataacha?

MwalimuWaZamu

Ataikariri. Jana nilimsimulia habari moja, kisha akarudi uani.

Mwaka 1797 mwalimu wa Boston, Caleb Bingham, alichapisha kitabu cha shule kiitwacho The Columbian Orator, mkusanyiko wa hotuba na mazungumzo ya kujifunzia kunena hadharani. Kilitumika shule nyingi. Miaka kama thelathini baadaye, Baltimore, watoto wa Kizungu walikuwa mtaani wakisema wanakwenda kukariri vipande vya kitabu hicho kwa ajili ya maonyesho ya shule. Karibu yao alikuwapo mtumwa wa miaka kama kumi na miwili, aliyekuwa akijifunza kusoma kwa kuibia. Akasikia jina la kitabu. Alikuwa amejiwekea senti 50 alizopata kwa kung'arisha viatu. Akaenda duka la vitabu Mtaa wa Thames akakinunua, akakificha, akawa anakisoma kila apatapo nafasi. Kilichomshika zaidi ni mazungumzo kati ya bwana na mtumwa aliyekamatwa baada ya kutoroka mara ya pili. Katika mazungumzo yale mtumwa anajibu hoja moja baada ya nyingine, mpaka bwana anakosa la kusema na kumwachia huru.

Mtoto yule ni Frederick Douglass, aliyekuja kuwa mhutubu maarufu wa kupinga utumwa. Tarehe 5 Julai 1852, katika ukumbi wa Corinthian Hall, Rochester, mbele ya watu 500 hadi 600 waliomwalika aseme juu ya sikukuu, aliwasifu kwanza waanzilishi wa nchi kwa ujasiri wao, na alimaanisha. Kisha akasema: "Tarehe 4 Julai hii ni yenu, si yangu. Ninyi mwaweza kufurahi, mimi sina budi kuomboleza."